Kalenda ya dunia yenye majua mawili imenishinda, naombeni ushauri

Jiwe la Ziwa (mleta uzi)
Wakuu, mwangaluka. Niko Kirumba, Mwanza. Mchana nauza vipuri vya injini za boti, usiku naandika hadithi ya kubuni. Dunia yangu ina ziwa moja kubwa na majua mawili, Kulwa na Doto (mapacha huku kwetu utawaita nani tena?). Kalenda nilishaimaliza: majua yanazungukana kila siku 40, dunia inayazunguka yote mawili kwa siku 320. Nikagawanya, nikapata miezi minane, kila mmoja unaanza siku Kulwa anapomfunika Doto. Nikajipongeza.

Jumapili nikamsomea mjomba, mvuvi wa dagaa kule Igombe. Kasikiliza mpaka mwisho, kisha kauliza: "Sasa huko kwenu giza ni lini?" Mnajua wenyewe, mbalamwezi ikiwaka dagaa hawafuati taa, mitumbwi inalala ufukweni. Kalenda yangu haina hata neno moja la kumwambia mvuvi aingie ziwani lini. Nina sura sita ambazo sijui niziweke mwezi gani.

Sangara Mkavu
Nimefungua mbio nikidhani ni kalenda ya ligi.

Fundi Saa
Kabla ya dagaa, hesabu yako ina kosa. Kwa mwaka Kulwa hamfuniki Doto mara nane, ni saba. Tazama saa ya ukutani: ndani ya saa 12 mshale mrefu unazunguka mara 12, lakini unakutana na mfupi mara 11 tu, kwa sababu mfupi nao unasogea. Dunia yako nayo inasogea. Ukitaka miezi minane, mwaka uwe siku 360: mizunguko tisa, toa mmoja, unapata miezi minane ya siku 45 kamili.

Binti Ukerewe
Kamili mno, mimi siamini. Mwaka wa Kiislamu una siku 354 au 355, ndiyo maana Ramadhani inarudi nyuma kama siku 11 kila mwaka. Wazee wa pwani walihesabu mwaka wao wa Nairuzi kwa miongo 36 ya siku kumi kumi, zikabaki tano zisizo na kwao. Hata juma letu tu: Jumatano ni ya tano kwa Kiswahili, Alhamisi nayo ni ya tano kwa Kiarabu. Wawili walianza kuhesabu sehemu tofauti na hakuna aliyekubali kushindwa. Kalenda yako inanukia kikokotoo.

Mwalimu wa Zamu
Jiwe, shida yako haiko kwenye hesabu, iko kwenye mpangilio wa majua. Dunia ikiyazunguka yote mawili, utayaona karibu karibu angani siku zote. Sayari ya namna hiyo ipo, Kepler-16b, ilitangazwa mwaka 2011: majua yake yanazungukana kwa siku 41, yenyewe inayazunguka kwa siku 229. Ungekuwa na pa kusimama huko, ungeona yanachomoza kwa kupishana saa moja na ushee, si zaidi sana, na kuzama vivyo hivyo. Usiku unabaki usiku kila siku. Mjomba hana cha kuhesabia.

Fanya hivi. Dunia imzunguke Kulwa peke yake. Doto mweke mbali, mara ishirini na kitu ya umbali wa Kulwa, wao wenyewe wazungukane kwa miaka 80 hivi, kama yale majua mawili ya Alfa Kentauri, nyota jirani zetu. Kwa mbali hivyo Doto hatakupa joto la maana, lakini bado atang'aa mamia ya mara kuliko mwezi mpevu. Sasa fuata mwaka. Kuna siku wanachomoza pamoja: usiku ni giza tupu. Baada ya hapo Doto anawahi kuchomoza kidogo kila siku. Robo mwaka ikipita anatoka usiku wa manane, mvuvi anabaki na nusu usiku. Nusu mwaka ikifika, Kulwa anazama na Doto anachomoza. Hapo taa ya dagaa ni mapambo.

Binti Ukerewe
Hii sasa ni kalenda! Na saa je? Sisi tunahesabu saa tangu jua lichomoze. Huko "saa moja" itakuwa ya Kulwa au ya Doto?

Fundi Saa
Nimepiga hesabu, sikuweza kulala. Doto naye anasogea, kwa hiyo kutoka mapacha kuchomoza pamoja mpaka kuchomoza pamoja tena ni siku 364 na nusu hivi, wakati mwaka wa mkulima, yaani dunia kumzunguka Kulwa mara moja, ni 360. Mwaka mpya wa wavuvi unasogea mbele siku nne na nusu kila mwaka, na unalingana tena na wa wakulima baada ya miaka 80.

Jiwe la Ziwa (mleta uzi)
Yaani mtu anauona mara moja tu maishani, akijaliwa. Fundi, umenipa sura ya kwanza. Miezi minane nimeichana.

Nimempigia mjomba nikamweleza. Kakubali, ila kauliza: miezi yote hiyo ya mwanga wavuvi wanakula nini?

Sangara Mkavu
Wanashona nyavu na kukwepa wanaowadai. Mjomba anajua, anakupima tu.