Yeopgijeogin Geunyeo (2001): tupeane uzoefu wa kuitazama

Mzee wa Behewa: Wakuu, tuwasaidie wanaoianza leo. Filamu hii ya Kikorea (kwa Kiingereza My Sassy Girl) ya mwongozaji Kwak Jae-yong imekatwa kama mechi: kipindi cha kwanza, cha pili, kisha dakika za nyongeza. Anayeizima kipindi cha kwanza ameondoka na kicheko tu.

Chausiku: Kweli tupu.

Fundi Picha: Chukueni toleo la sinema, dakika 123. Lile refu la mwongozaji, 137, liwe la mara ya pili.

Bi Mwanaheri: Hapana! Dakika 14 zaidi za Jun Ji-hyun, anayeigiza yule binti, nani azikatae? Ila sikilizeni Kikorea chenyewe, msome maandishi ya chini. Sauti ikitafsiriwa, lile “jugeullae” lake, yaani “unataka kufa?”, halina makali tena.

Mzee wa Behewa: Sehemu ya treni itazameni mara mbili. Binti kalewa, kasimama ukingoni kabisa, treni inaingia, Gyeon-woo, kijana mhusika mkuu, anamvuta. Ndani miguu haimshiki, lakini anamwinua abiria mmoja kijana ampishe mzee kiti, tena anamkataza kuvaa pinki. Mara tumbo linachafuka, anamtapikia abiria mwenye nywele bandia! Kabla hajazimia anamtazama Gyeon-woo: “Mpenzi.” Neno moja tu. Behewa zima linamgeukia kijana wa watu, naye anabaki kusafisha, kuomba radhi, na kumbeba binti mgongoni. Tabia ya binti yote imo humo: kalewa chakari, na heshima kwa wakubwa bado anaidai.

Kipanga: Kwangu huyo ni mkatili. Kofi kila dakika.

Bi Mwanaheri: Ana msiba, mwanangu. Mchumba wake alifariki.

Kipanga: Aa, bibi, umetoboa siri! Kuna wanaoianza leo.

Chausiku: Wamejua hilo, bado hawajajua la mwisho. Tulia.

Fundi Picha: Kipanga, subiri yale masharti kumi ya kuwa na binti huyo, Gyeon-woo anayompa mwanamume mwingine. Asinywe zaidi ya glasi tatu. Mkahawani uagize kahawa, si soda. Akikupiga na huumii, jifanye unaumia. Ukiumia, jifanye huumii. Miguu ikimuuma, badilishaneni viatu. Kila sharti ni kitu ulichokwisha kukiona kikitokea, ndiyo maana linachoma. Ukiruka mbele, unasikia orodha tu.

Chausiku: Na mwanzoni msiiruke simu ya shangazi yake Gyeon-woo.