Shamba moja la marehemu baba, milango mitatu: nishike upi?

Binti Barani
Asalaam aleikum jamani. Niko Malindi, naomba ushauri kwa wenye kujua mambo ya ardhi, usingizi umeniruka.

Marehemu baba alituachia shamba la ekari mbili na ushei, minazi na miembe, na mama anaishi humo hadi leo. Karatasi iliyopo ni ya mauziano, ina dole gumba na mashahidi wawili. Imekaa kwenye mkebe wa biskuti mpaka pembe moja imeliwa na mende. Mwaka jana akatokea bwana mmoja ana hati miliki ya jina lake, akapiga bikoni, yaani vigingi vya mpaka, katikati ya minazi ya mama. Kaka mkubwa akamwandikia msajili wa ardhi, tumeitwa Jumanne tusikizwe. Kumbe yule bwana keshafungua kesi Mahakama ya Mazingira na Ardhi, anataka mama atolewe. Samansi, barua ya kuitwa kortini, alipokea mpwa wangu, ikalala ndani siku nane hatuna habari. Na mdogo wetu naye kaenda kwa kadhi, anataka tugawane mirathi.

Kaka asema tungoje msajili kwanza, huko hakuna gharama ya wakili. Mimi naogopa.

Mkaa Maweni
Pole dada. Siku nane! Shika hiyo samansi leo. Angalia umepewa siku ngapi za kujitokeza. Zikipita, mwenzio ataomba hukumu na nyinyi hamjasema neno. Barua ya msajili haisimamishi saa ya korti.

Karani wa Zamani
Nimebeba mafaili ya wakili miaka mingi, naongeza. Kifungu cha 79 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinampa msajili nafasi ya kurekebisha daftari. Lakini mkidai hati imepatikana kwa ulaghai, agizo la kuifuta litoke kortini, kifungu cha 80. Na msitishwe na hati: kifungu cha 26 kinaruhusu ipingwe ikiwa imetoka kwa udanganyifu, kinyume cha sheria au bila kufuata utaratibu. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu, kwenye kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa, ilitazama hati ilivyoanza, sio karatasi yenyewe tu. Kwa hiyo fanyeni sachi, yaani upekuzi wa daftari la ardhi, ombeni nakala ya kadi ya kijani, ile yenye historia ya umiliki wa shamba, mjue huyo bwana alipewa na nani, lini.

Jumanne nendeni vilevile. Mpelekeeni msajili barua yenye namba ya kesi, mwombe asiguse daftari mpaka korti iamue. Msipofika, ataandika kwamba mliitwa hamkuja.

Mzee wa Mambrui
Binti yangu, wengi watakwambia uachane na kadhi. Mimi sikubali. Kadhi hana uwezo juu ya hati ya mtu baki, kweli, kazi yake ni warithi na mafungu yao. Lakini shamba ni la marehemu. Mama aweza kujitetea mwenyewe, ila kulidai shamba lirudi, lazima awepo aliyepewa usimamizi wa mirathi. Ombeni usimamizi kwanza. Kugawana kungoje, mtagawana nini sasa?

Pia, aliyemuuzia baba alikuwa na hati? Huku pwani, sheria ya 1908 iliwataka watu wapeleke madai ya ardhi zao, na ambazo hazikudaiwa zikahesabiwa za serikali. Wengi wetu tumeuziana juu ya minazi na neno la wazee. Na kama mmekaa wazi zaidi ya miaka 12, mwambieni wakili mapema, huenda kukaa kwenyewe kukawapa haki.

Binti Barani
Shukrani mzee wangu, shukrani nyote. Tumekaa tangu 1987, mimi nimezaliwa humo. Nimehesabu, zimebaki siku sita. Kaka nimemsomea majibu yenu, amenyamaza, kisha akaniuliza wakili anafungua saa ngapi. Kesho asubuhi tunakwenda. Mama amekataa kunipa mkebe, asema ataubeba mwenyewe.