Mjadala: Mwanamichezo wa ridhaa agharamiwe kabla ya medali, au azawadiwe baada yake?

Mtoa mada: Ndugu zangu, nauanzisha mjadala huu kwa kisa cha Arshad Nadeem wa Pakistani, mtoto wa kibarua wa ujenzi kutoka kijiji cha karibu na Mian Channu, ambaye alikuwa mrusha mpira wa kasi katika kriketi kabla ya kushika mkuki. Tarehe 8 Agosti 2024, jijini Paris, alirusha mita 92.97, akaivunja rekodi ya Olimpiki ya mita 90.57 iliyowekwa na Andreas Thorkildsen mwaka 2008. Zawadi zikamiminika: mamilioni ya rupia, gari lenye namba 92.97, na nyati wa kufugwa kutoka kwa baba mkwe wake, ambaye angalau alimjua kabla ya Paris. Miezi mitano tu nyuma, Nadeem huyo huyo alikuwa amelalamika hadharani kwamba mkuki alioutumia kwa takribani miaka saba umeharibika. Kwa maoni yangu, fedha za umma zitangulie, zisisubiri kupiga picha na bingwa.

Mchangiaji wa kwanza: Kwa heshima, mtoa mada, Nadeem alikuwa ameajiriwa na mamlaka ya maji na umeme, kama Julius Yego, mrusha mkuki wa Kenya, alivyo askari polisi. Yego alijifunza mbinu kwa kutazama video za YouTube, na mwaka 2015 akawa bingwa wa dunia kwa mita 92.72. Serikali ikianza kumgharamia kila kijana anayedai kuwa na mkono, nani atawachuja? Fedha zitaishia mifukoni mwa viongozi wa vyama.

Mtoa mada: Mshahara hulisha familia, haununui mkuki. Mkuki wa wanaume una gramu 800, na ukipinda kidogo tu haupai tena inavyostahili. Tena hii sifa ya kucheza bila malipo ilitungwa na wenye nacho: nchini Uingereza, hadi mwaka 1962, kriketi iliwatenga waungwana wasiolipwa na wachezaji wa kulipwa, kila kundi na chumba chake cha kubadilishia nguo, ilhali W. G. Grace, mchezaji kriketi maarufu wa huko aliyehesabiwa muungwana, alichuma kuliko wengi waliolipwa. Kuhusu kuchuja, umbali haujui undugu. Uwekwe wa kufikiwa katika mashindano ya taifa, na atakayeufikia apewe mkuki na kocha, si fedha taslimu.

Mchangiaji wa pili: Kwa mkuki nakubali, lakini kriketi haipimwi kwa futi. Kenya ilifika nusu fainali ya Kombe la Dunia mwaka 2003, na kufikia mwaka 2014 ilikuwa imepoteza hadhi yake katika mechi za kimataifa za siku moja. Mrusha mpira ambaye timu yake haipati mechi za maana atafikia kiwango gani, na mbele ya nani? Katika michezo ya timu, mimi ningezipeleka fedha kwenye ligi na viwanja kwanza, hata kama kijana mmoja mwenye kipaji atalazimika kusubiri.