Radi imepiga mbali, mbona friji imeungua?

Wadau, niko Malindi, nauza samaki. Jana radi ilipiga upande wa baharini, taa zikapepesa tu, friji ikazima. Kwenye bodi kuna kidude cha buluu, bapa, kimepasuka. Imekuwaje, na nyumba haikupigwa?

Fundi, Lamu: Pole sana, dada. Mkondo wa radi, maelfu ya ampea, huamsha volti kwenye nyaya za nguzo hata ikipiga kando. Zile 240 hupaa hadi maelfu kwa sehemu ndogo mno ya sekunde. Hicho cha buluu ni varista, kinga yenyewe ya bodi volti ikipaa. Kibadilishwe pamoja na fyuzi kabla hujauziwa bodi nzima! Na ethi, ule waya uendao ardhini, je? Chumvi ya pwani huila.

Muuliza: Waya umeota kijani pale unapofungwa.

Fundi: Zima meni swichi, usugue, ufunge kwa klampu mpya ya shaba. Na mawingu yakitanda chomoa plagi, swichi pekee haitoshi.