Dk. Crile wa Marekani alipinga nini hasa kuhusu saratani ya titi?

Mwanaidi_Moro: Habari zenu. Dada yangu alichukuliwa kinyama cha titi kikapimwe, majibu yamerudi: saratani ya titi, uvimbe bado mdogo. Daktari anasema titi litolewe lote. Shemeji anatutumia kwenye kundi la familia habari za Dk. George Crile, kwamba alipinga upasuaji, kwa hiyo twende kwa mtu wa mitishamba. Anayemjua Crile anieleze.

Nesi_Mstaafu: Pole, mwanangu. Nimestaafu wodi ya upasuaji, na habari za Crile zinaniuma zikipindishwa.

Crile alikuwa mpasuaji wa Cleveland Clinic. Enzi hizo mwanamke alikatwa kwa mtindo wa Halsted, mpasuaji wa Marekani wa zamani: titi, misuli ya kifua na tezi za kwapani, vyote. Mkono unavimba, mbavu zinahesabika. Na wengi waliingia chumba cha upasuaji wakijua wanachukuliwa kinyama tu. Wanazinduka, titi hakuna. Hicho ndicho alichokipinga tangu miaka ya 1950. Alitaka kukata kidogo kadiri ugonjwa unavyoruhusu, na mwanamke aelezwe njia zote achague. Wenzake walimwandama. Lakini kisu alikishika mwenyewe, hakumtuma mtu kwa mganga. Waliokwenda huko nimewapokea wodini: titi limeshapasuka, kidonda kimejazwa majani, nasi hatuna la kukata tena.

Baadaye jambo lenyewe likapimwa. Utafiti wa Bernard Fisher, mpasuaji mwingine wa Marekani, ulianza 1976, na matokeo ya miaka 20 yalitoka 2002, wanawake 1,851. Waliotolewa titi lote na waliotolewa uvimbe tu, uhai wao haukutofautiana. Ila waliotolewa uvimbe bila mionzi, saratani iliwarudia kwenye titi lile lile 39 kati ya 100. Waliopata mionzi, 14.

Kwa hiyo muulizeni daktari: uvimbe una sentimita ngapi? Tezi za kwapani zikoje? Unaweza kutolewa peke yake? Mionzi ataipata wapi na lini? Kwenu Morogoro wengi hupelekwa Ocean Road, hospitali ya saratani Dar es Salaam, na mionzi ni ya wiki kadhaa. Akiona hayawezi, akakubali litolewe lote, hilo nalo ni chaguo lake, asilaumiwe.

Juma_K: Mke wangu aliuliza, akajibiwa "kwani wewe daktari?" Tukanyamaza.

Nesi_Mstaafu: Hapo mlionewa, mdogo wangu. Ingieni wawili, maswali yawe kwenye karatasi, mmoja aandike majibu. "Daktari, kabla hatujasaini, tunaomba utueleze kama kuna njia nyingine." Fomu ya ridhaa ni ya mgonjwa, na daktari mzuri haudhiki kuulizwa. Akigoma, ombeni barua muende kwa mwingine, ila msikae miezi.

Mwanaidi_Moro: Asante sana mama, shemeji nimemtumia yote. Kliniki ni Alhamisi, na dada anasema maswali atauliza mwenyewe. Tuna ndugu Tabata, huko huko Dar: mionzi lazima alazwe?

Nesi_Mstaafu: Hapana, wengi hutoka nyumbani wakarudi siku hiyo hiyo. Ila nauli ya kila siku ipangeni mapema, wengi huishia njiani kwa ajili yake.