Upweke wa chumba cha kupanga: tupeane uzoefu

Wakuu, habari za jioni. Niko Arusha, Sakina, mwaka wa tatu sasa. Asubuhi napanda kifodi kwenda mjini, jioni narudi, napita kwa muuza chipsi, nafunga mlango. Kesho hivyo hivyo. Jumatatu moja nilitaka kumwambia konda "shusha", sauti ikagoma, ikatoka nzito kama ya mtu aliyeamka sasa hivi. Nikahesabu: tangu Ijumaa jioni sikuwa nimeongea na mtu. Luku nanunua kwa simu, kodi natuma kwa simu, hata nyumbani nawasalimia kwa meseji. Wapangaji tuko sita kwenye uwanja mmoja, tunajuana kwa milio ya kufuli.

Iliniuma, maana nilidhani ni udhaifu wangu. Kumbe Shirika la Afya Duniani liliunda tume ya jambo hili 2023, na ripoti yake ya 2025 inasema mtu 1 kati ya 6 duniani anasumbuliwa na upweke. Wewe ulianzia wapi kujinasua?

Mdau, Pasua, Moshi:
Pole sana mkuu. Mimi ilinipata baada ya kujifungua, mume yuko Mirerani, kutwa niko na kichanga na TV. Kikundi cha kuweka na kukopa nilijaribu nikatoka. Ukikosa hela ya hisa wiki moja unaona aibu hata kusalimia. Kilichonisaidia ni ndizi. Niliacha kununua mkungu mzima, nikawa naenda soko la Mbuyuni kila siku kuchukua za siku hiyo tu. Sasa nisipoonekana siku mbili, yule mama wa ndizi anaulizia mtoto ana nini.

Mama wa Marangu:
Wanangu, upweke hata huku tunao. Desemba wanangu wanakuja na wajukuu, mbuzi anachinjwa, magari yanakosa pa kugeuzia. Januari ndani ya siku mbili wote wameondoka. Wiki nzima naendelea kupikia sufuria kubwa, mkono umeshazoea, kinachobaki anakula mbwa. Nyumba ya jirani ina geti zuri na mlinzi peke yake. Jioni namwita tunywe chai. Tunaongelea mvua tu, lakini tunaongea.

Mleta mada:
Shikamoo mama. Hilo la chai nimelishika. Jumamosi hii nachemsha ya tangawizi chupa nzima, nakaa nayo kibarazani mlango ukiwa wazi.

Mama wa Marangu:
Marahaba mwanangu. Toa vikombe viwili.