Shamba likitwaliwa na serikali, fidia ni ya mwenye hati au ya aliyelikalia miaka 12?

Mleta hoja, Malindi:
Jamani, hili tulijadili bila matusi. Sheria ya Kenya yasema ukikaa kwenye ardhi ya mtu binafsi miaka 12 mfululizo, waziwazi, bila mabavu na bila idhini yake, waweza kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi ukaomba uandikishwe wewe kuwa mwenyewe. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufaa, ikikaa hapa hapa Malindi, ilikataa hoja kwamba utaratibu huo unakiuka kifungu cha 40 cha Katiba kinacholinda mali.

Lakini ardhi ya umma haidaiwi hivyo. Kifungu cha 41 cha Sheria ya Ukomo wa Mashauri kimelifunga hilo. Serikali ikishatwaa shamba kwa barabara au bandari, skwota hana tena wa kumdai ardhi. Pesa je? Mimi nasema kama miaka 12 ilitimia kabla ya kutwaliwa, fidia ni yake. Kwa sheria hiyo hiyo, mwenye hati alikuwa ameishikilia kwa niaba yake tu. Kumlipa mtu asiyejua hata bikoni zake, yaani alama za mipaka, ziko wapi ni dhihaka.

Mjukuu wa mwenye shamba, Lamu:
Bwana, wazungumza kana kwamba wenye hati wote ni mabwanyenye waliohamia ng'ambo. Babu yangu aliwapa watu nafasi wakapanda. Waliolipa ijara walilipa, wasiolipa tuliwanyamazia kwa ujirani. Pwani ndivyo tulivyoishi: minazi ya huyu, ardhi ya yule, nyumba yako, kiwanja cha mwenzio. Aliyekaa kwa idhini hana miaka 12 hata akikaa 60. Leo wazee walioshuhudia maagano wako makaburini, na kila mtu anaapa kwamba hakuruhusiwa na yeyote. Wema wa babu ndio utunyime fidia?

Karani wa wakili, Malindi:
Mjukuu, tafuta daftari la ijara. Bila karatasi utapata shida, na huruma ya babu haitakusaidia mbele ya jaji. Ila kwa minazi na nyumba sioni ubishi wowote: alipwe aliyepanda na aliyejenga.

Mleta hoja, nawe usiwadanganye watu kwamba hundi itakuja yenyewe. Tume ya Taifa ya Ardhi hutangaza siku ya kusikiliza madai, na dai la maandishi lazima lifike kabla siku hiyo haijapita. Wengi huja baada ya tingatinga.

Mkulima, kijiji cha Hindi, Lamu:
Nyote mwazungumzia ardhi yenye hati. Huku bara ya Lamu wengi wetu tulilima ardhi ya serikali, hatuna wa kumdai miaka 12. Tumebaki na kifungu cha 40(4) cha Katiba, kinachosema fidia *yaweza* kulipwa kwa anayekaa kwa nia njema bila hati. Yaweza! Neno hilo ofisa hulivuta atakako.

Na kuna linalonichoma zaidi. Serikali ikitwaa shamba, mradi ukafa, kifungu cha 110 cha Sheria ya Ardhi ya 2012 chairuhusu Tume kumpa mwenyewe wa zamani au warithi wake nafasi ya kwanza ya kulirudisha, wakirejesha fidia yote. Mimi niliyelima hapo miaka 20 mradi ukiwa umelala sitajwi popote. Mwaniambia nini?

Mjukuu wa mwenye shamba, Lamu:
Nakwambia warithi nao wana haki. Ila hapo kwenye miaka 20, sina jibu la kukuridhisha.

Mleta hoja, Malindi:
Mkulima, hapo sheria imekosea, na bungeni ndiko kwa kulipeleka. Karani, nimekubali: dai liandikwe mapema. Pakiwa na mgogoro wa nani alipwe, Tume yaweza kuweka pesa kwenye akaunti maalumu ya fidia. Afadhali zilale huko mahakama ikiamua kuliko kumsaka mtu Nairobi akishazila. Aliyewahi kuzuia malipo kwa njia hiyo atueleze ilichukua muda gani.